Kesi ya kughushi kabla haijasikilizwa: njia za kutoka, na kila moja inakuacha wapi

Ukikaa asubuhi moja kwenye benchi za Mahakama ya Hakimu Mkazi Moshi, au pale Kituo Jumuishi cha Utoaji Haki Arusha, utaona kwamba kesi za kughushi zinafanana sana. Huyu ameshtakiwa kwa muhtasari wa kikao cha ukoo uliotumika kufungua mirathi, wakati baadhi ya waliotajwa kuhudhuria wanasema siku hiyo hawakuwepo. Yule ni mkataba wa mauziano ya kiwanja Moshono, saini ya muuzaji ikidaiwa si yake. Mwingine ni cheti cha shule au barua ya mwajiri. Mshtakiwa anasomewa shtaka, anakana, anapewa masharti ya dhamana, na kuanzia hapo wimbo ni mmoja: upelelezi haujakamilika, shauri linaahirishwa.

Ndipo ndugu wanapoanza kuuliza kama kuna namna ya kutoka kabla ya kesi kusikilizwa. Namna zipo, tena zaidi ya moja. Tatizo ni kwamba ushauri wa kwenye benchi unazichanganya zote kana kwamba ni kitu kimoja: "kesi itafutwa." Njia zinatofautiana sana kwa matokeo. Ipo inayokutoa leo na kesho ukaweza kurudishwa, na ipo inayokuchosha kwa miezi lakini ikikutoa, imekutoa. Anayechagua bila kujua tofauti hiyo anaweza kushangilia mchana na jioni akalala tena mahabusu.

Namba za vifungu ninazotaja hapa ni za Toleo la Sheria la 2022. Toleo lililoanza kutumika Julai 2025 limezisogeza baadhi, kwa hiyo muombe wakili wako akuoneshe namba mpya.

Vitu vya kupima

La kwanza ni nani anaamua: Mkurugenzi wa Mashtaka (DPP), mwendesha mashtaka aliye mahakamani, au hakimu. Wengi hupoteza muda wakimbembeleza mtu ambaye hana uamuzi huo, hasa mlalamikaji.

La pili, na kwangu ndilo zito kuliko yote, ni kama Jamhuri, yaani upande wa mashtaka, inaweza kurudi. Kifungu cha 137 cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai kinamlinda mtu aliyekwisha kuhukumiwa au kuachiwa huru na mahakama yenye mamlaka: hashtakiwi tena kwa kosa lilelile. Ulinzi huo haumfikii aliyeondolewa mashtaka tu kabla ya kusikilizwa. Kwake mlango umeegeshwa, haujafungwa.

La tatu ni muda na gharama: nauli ya kutoka Rombo au Karatu kila tarehe, ada ya wakili, uchovu wa wadhamini. La nne ni unachofichua, kwa sababu zipo njia zinazokulazimisha kuonesha utetezi wako mapema. La tano ni karatasi utakayobaki nayo, kwa maana mwajiri, benki na ukoo wote watataka kuona amri ya mahakama inasema nini hasa.

Pima pia uzito wa shtaka lenyewe. Chini ya Kanuni ya Adhabu, kughushi ni kutengeneza nyaraka ya uongo kwa nia ya kulaghai au kudanganya, na adhabu ya jumla katika kifungu cha 337 ni kifungo kisichozidi miaka 7. Lakini ikiwa nyaraka ni wosia, hati ya umiliki wa ardhi, hati ya uwakilishi au hundi, kifungu cha 338 kinapeleka adhabu hadi kifungo cha maisha. Kutumia nyaraka ya uongo ukijua ni ya uongo, kifungu cha 342, kunabeba adhabu ileile kama ya aliyeighushi. Kwa hiyo anayesema "mimi niliipeleka tu, sikuiandika" hajajitoa popote. Anachopaswa kujitetea nacho ni kwamba hakujua.

DPP kuliondoa shauri: kifungu cha 91

Kifungu hiki, kama vingine vinavyofuata, ni cha Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, na hapa anayeamua ni DPP. Wakili wa Serikali anasimama au anawasilisha maandishi kwamba Jamhuri haina nia ya kuendelea, na hakimu hana la kufanya ila kumwachia mshtakiwa papo hapo. Inaweza kutokea hatua yoyote kabla ya hukumu, hata baada ya mashahidi kusikilizwa.

Je, Jamhuri inaweza kurudi? Ndiyo, sheria yenyewe inasema hivyo. Kwa miaka mingi watu walikuwa wakiachiwa kizimbani na kukamatwa tena nje kabla hata hawajakumbatiwa na ndugu zao. Marekebisho ya mwaka 2022 yaliweka kizuizi: aliyeachiwa kwa njia hii hatakiwi kushtakiwa tena kwa mambo yaleyale mpaka uwepo ushahidi wa kutosha na shauri liwe tayari kusikilizwa. Ni ulinzi wa kweli, na ikibidi wakili wako ausimamie bila aibu. Hata hivyo hauna kikomo cha muda. Mtu anaweza kurudishwa baada ya mwaka, ripoti ya mtaalamu wa maandishi ikishapatikana.

Kwa gharama, ni njia nafuu. Unaandika barua ya maombi kupitia Ofisi ya Taifa ya Mashtaka ya mkoa, Arusha au Kilimanjaro, ukieleza kwa nini shauri halistahili kuendelea. Katiba, ibara ya 59B, inamtaka DPP azingatie kutenda haki, kuzuia matumizi mabaya ya taratibu za utoaji haki, na maslahi ya umma. Barua nzuri inashika mambo hayo matatu. Barua mbaya inalia tu. Ikiwa hakimu wa mirathi alikwisha kuukubali muhtasari ule baada ya kusikiliza pande zote, ambatisha uamuzi wake. Ikiwa mlalamikaji ameridhika, ambatisha maandishi yake.

Lakini kila unachoambatisha kinasomwa na upande unaokushtaki. Ukieleza kwamba siku ya kikao ulikuwa hospitali ya KCMC unamuuguza baba, mpelelezi ataenda KCMC. Kama ni kweli, vizuri. Kama umekosea tarehe, umeshawapa swali la kukuuliza kizimbani.

Inamfaa mwenye nyaraka imara, zisizoweza kugeuzwa, na anayehitaji kutoka haraka kuliko anavyohitaji kusafishwa jina.

Mwendesha mashtaka kuondoa shauri: kifungu cha 98

Kwa macho ya aliye kizimbani, hii inafanana na ile ya kwanza. Mwendesha mashtaka anaomba kuliondoa shauri, kwa ridhaa ya mahakama au kwa maelekezo ya DPP. Tofauti iko kwenye wakati. Likiondolewa kabla mshtakiwa hajaitwa kujitetea, anaondolewa mashtaka tu na anaweza kushtakiwa upya. Likiondolewa baada ya kuitwa kujitetea, anaachiwa huru, na kifungu cha 137 kinamkinga.

Kwa hiyo kwa aliye kwenye hatua ya kutajwa, kabla usikilizwaji haujaanza, kifungu cha 98 hakimpi zaidi ya kile cha 91. Faida yake ni kwamba pale ridhaa ya mahakama inapoombwa, wakili wako ana nafasi ya kusema neno. Anaweza kuomba sababu za kuondoa shauri ziingizwe kwenye kumbukumbu. Mstari mmoja unaosema "mlalamikaji mkuu hapatikani" au "ripoti ya maandishi haikuthibitisha" utakufaa sana siku ukirudishwa.

Njia hii hutokea zaidi pale mwendesha mashtaka mwenyewe anapoona hati ya mashtaka imekaa vibaya na anataka kuifungua upya. Usishangilie upesi. Muulize wakili wako: wanaondoa kwa sababu wamekata tamaa, au wanajipanga?

Kumwomba hakimu akatae ahirisho: kifungu cha 225, na habari ya siku 60

Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu ndipo watu wanapopotoshwa zaidi.

Kila mahabusu wa gereza la Karanga (Moshi) au Kisongo (Arusha) amesikia habari ya siku 60. Na sheria ipo kweli. Kifungu cha 225(4) kinakataza mahakama kuahirisha shauri kwa jumla ya zaidi ya siku 60 bila hati ya Mkuu wa Upelelezi wa Mkoa. Kisha siku 60 nyingine kwa hati hiyo. Kisha hati ya Wakili wa Serikali. Na mwisho hati ya DPP, kwa muda usiozidi miezi 24. Hati isipoletwa, mahakama isikilize shauri, na Jamhuri ikishindwa kuendelea, mshtakiwa aondolewe mashtaka.

Lakini soma maneno ya mwanzo ya kifungu hichohicho. Kinatenga baadhi ya makosa, na miongoni mwa yaliyotengwa ni yanayohusu ulaghai, njama za kulaghai, na kughushi. Yaani mtu wa kesi ya kughushi anayehesabu siku ukutani anahesabia sheria isiyomhusu. Inauma kuona familia imemwacha wakili kwa kuwa "siku sitini zinakaribia," halafu siku ya 61 shauri likaahirishwa kama kawaida.

Sababu ya kutengwa si ngumu kuiona. Nyaraka inayobishaniwa hupelekwa kwa mtaalamu wa maandishi wa Jeshi la Polisi, mara nyingi Dar es Salaam, pamoja na sampuli za mwandiko wa mshtakiwa na saini zake za zamani kutoka benki au ofisini. Kazi hiyo haiishi kwa wiki. Mimi bado naona si haki kumwacha mtu bila kikomo chochote, hasa aliyeko ndani, lakini ndivyo sheria ilivyo na ndivyo tunavyopaswa kuipangia.

Je, hakuna kilichobaki? Kipo. Kuahirisha ni uamuzi wa hakimu, si haki ya Jamhuri, na hakimu anaweza kutaka sababu kila mara. Hapa ndipo kumbukumbu inapofanya kazi. Tangu tarehe ya kwanza, wakili aombe iandikwe nyaraka ilipelekwa lini uchunguzi, kwa barua gani, na nini kimejibiwa. Baada ya tarehe kadhaa zenye jibu lilelile, aombe ahirisho linalofuata liwe la mwisho. Likitolewa na Jamhuri ikaja mikono mitupu, hakimu anaweza kukataa kuahirisha tena, na shauri linaishia hapo.

Anayeamua, basi, ni hakimu. Jamhuri inaweza kurudi: kifungu kinasema waziwazi kwamba kuondolewa mashtaka kwa njia hii hakuzuii shtaka jipya kwa kosa lilelile. Muda ni mrefu na nauli ni nyingi. Lakini hufichui chochote cha utetezi wako, na unabaki na mwenendo wa shauri unaoonesha kwamba ni Jamhuri iliyoshindwa kuwa tayari. Inamfaa aliye nje kwa dhamana, mwenye subira, ambaye upande wa pili unaonekana kukosa kielelezo muhimu. Aliye mahabusu, anayerudishwa mahakamani kila baada ya siku 14, aishike pamoja na njia nyingine, asiitegemee peke yake.

Pingamizi dhidi ya hati ya mashtaka

Wakili anasimama kabla ya usikilizwaji kuanza na kusema hati hii ina kasoro, au shauri hili halikupaswa kuwa hapa. Katika kesi za kughushi za Moshi na Arusha, hoja mbili hujirudia.

Ya kwanza ni kwamba hati haitaji nia ya kulaghai au kudanganya, au haisemi nyaraka ni ya uongo kwa namna gani. Hoja inaweza kuwa sahihi kabisa na isikusaidie, kwa sababu kifungu cha 234 kinaruhusu hati kurekebishwa. Umewaonesha tundu, nao wameliziba. Ndiyo maana mawakili wenye uzoefu wakati mwingine huinyamazia kasoro hadi mwisho wa kesi. Ukimuona wako amenyamaza, muulize kwa adabu kabla hujamdhania uvivu.

Ya pili ina uzito zaidi kwa kesi za mirathi na viwanja. Kifungu cha 4(3) kinataka njia ambayo wahusika walianza nayo, iwe ya madai au ya kiutawala, ifuatwe hadi mwisho kabla ya kukimbilia jinai. Fikiria kaka na dada wa Kibosho wanaogombania kihamba, yaani shamba la ukoo. Dada alikwisha kufungua pingamizi la mirathi akisema muhtasari wa ukoo ni wa kughushi, na kabla uamuzi haujatoka, kaka akapelekwa polisi kwa muhtasari huohuo. Hapo hoja ya 4(3) ina miguu. Lakini kama hakuna shauri lolote la madai lililotangulia, usiilazimishe.

Hakimu akikubali, shauri huondolewa, na kwa kawaida Jamhuri inaweza kurudi ikishatibu kasoro. Akikataa, kifungu cha 372(2) kinakuzuia kukimbilia Mahakama Kuu kwa mapitio ya uamuzi mdogo usiomaliza shauri, na mnaendelea na kesi. Gharama ni ya wakili anayejua kuandika hoja. Inamfaa mwenye shauri la madai linaloendelea kuhusu nyaraka ileile.

Kukubali kusikilizwa, na kulenga kutokuwa na kesi ya kujibu

Hii si njia ya kabla ya kusikilizwa, lakini nisipoiweka mezani ulinganisho utakuwa na pengo. Jamhuri inaleta mashahidi wote, inafunga ushahidi wake, na chini ya kifungu cha 230 hakimu anapima kama kuna kesi ya kujibu. Ikiwa hakuna, shtaka linatupwa na unaachiwa huru. Hapo kifungu cha 137 kiko upande wako. Jamhuri inabaki na haki ya kukata rufaa tu, kwa notisi ndani ya siku 30.

Hufichui utetezi, maana hujaitwa kujitetea, ingawa maswali ya wakili wako kwa mashahidi yataonesha mwelekeo. Karatasi unayobaki nayo ndiyo bora kuliko zote. Lakini lazima upite kwenye mashahidi wenyewe, pengine shangazi yako akiwa mmoja wao, na ujue kwamba hata katikati DPP anaweza kutumia kifungu cha 91 na kukuacha na mlango ulioegeshwa uleule.

Inamfaa ambaye jina ndilo kazi yake: mwalimu, mhasibu, msimamizi wa mirathi, mtumishi wa umma aliyesimamishwa kazi. Na inamfaa ambaye Jamhuri haiwezi kumuunganisha yeye na kalamu iliyoandika, wala kuthibitisha kwamba alijua nyaraka ni ya uongo.

Mawili yanayodhaniwa kuwa njia

Kupatana nyumbani. Wazee wameketi, mbege imenyweka, mmeshikana mikono. Ni jambo jema kwa ukoo, ila kifungu cha 163 kinachoruhusu mahakama kusuluhisha kinahusu makosa madogo ya kibinafsi, na kughushi si dogo. Shauri ni la Jamhuri, na mlalamikaji hawezi kulifuta. Maandishi ya mapatano yana mahali pake: yaambatishwe kwenye barua ya DPP.

Makubaliano ya kukiri kosa, yaliyoingizwa kwenye sheria mwaka 2019, nayo yanamaliza kesi mapema, lakini kwa kutiwa hatiani. Mwenye hatia na aliye tayari kurudisha mali anaweza kupata adhabu nyepesi. Asiye na hatia asiyaguse kwa sababu ya kuchoka.

Ukiwa katika hali hii, anza hapa

Uko mahabusu kwa sababu shtaka la kughushi limeunganishwa na utakatishaji fedha, ambalo halina dhamana: nguvu yako iende kwenye barua ya DPP, ukiomba walau shtaka hilo la pili liondolewe. Kughushi peke yake kunadhaminika, na ukiwa nje utachagua njia nyingine kwa utulivu.

Uko nje kwa dhamana, nyaraka iko kwa mtaalamu, na humjui shahidi yeyote anayekutaja: simamia kumbukumbu ya maahirisho, omba la mwisho wakati ukifika, na uwe tayari kuwa ukiondolewa mashtaka hutakuwa umemaliza.

Kuna shauri la mirathi au la ardhi linaloendelea kuhusu karatasi ileile: mpe wakili wa jinai nakala za shauri hilo mapema, hoja ya 4(3) ipimwe kabla ya usikilizwaji wa awali.

Umri umekwenda, au unaumwa, na unachotaka ni kuacha kupanda basi kila mwezi: kifungu cha 91 au cha 98 kinatosha, hata kama hakikusafishi jina.

Unataka kurudi kazini kichwa kikiwa juu na ushahidi wa Jamhuri ni mwembamba: usikimbilie kuondolewa mashtaka. Omba tarehe ya karibu ya kusikilizwa.

Huna fedha ya wakili: Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 inawatambua watoa msaada wa kisheria waliosajiliwa. Aliyeko Karanga au Kisongo aombe kupitia uongozi wa gereza, aliye nje aulize kwa karani wa mahakama au ofisi ya halmashauri yake.

Na kwa njia yoyote uliyotokea, siku hiyohiyo omba nakala ya amri iliyogongwa muhuri, na uhakikishe imetaja kifungu kilichotumika. Uliza pia kuhusu hati na simu zilizochukuliwa na polisi kama vielelezo: visipotajwa kwenye amri, wakili aandike maombi ya kurudishiwa kabla jalada halijarudi masijala.